Mjinga wa Sinema na Kiongozi wa Kweli: Rashidi Kawawa

Mchezaji wa sinema aingiapo katika siasa, watu hawakosi kuuliza: je, asema kweli, au aigiza bado? Swali hilo lilisikika katika Ukraine, ambako Volodymyr Zelensky, aliyeanza mwaka 2015 kucheza sehemu ya mwalimu awaye Rais, alichaguliwa kuwa Rais wa kweli mwaka 2019. Lakini Tanganyika ilikwisha kutangulia kwa zaidi ya nusu karne. Rashidi Mfaume Kawawa, aliyezaliwa katika wilaya ya Songea mwaka 1926 na kusoma Tabora, alionekana katika sinema kabla ya kuwa Waziri Mkuu mwezi wa Januari 1962.

Mwanzoni mwa miaka ya 1950 Kawawa alikuwa mtumishi wa serikali katika kazi za ustawi wa jamii. Serikali ya kikoloni, ikishirikiana na kampuni ya Afrika ya Kusini, ilitengeneza sinema kadha za Kiswahili, miongoni mwazo Muhogo Mchungu na Chalo Amerudi. Katika Muhogo Mchungu Kawawa ndiye aliyekuwa mchezaji mkuu. Kisa chake ni cha mtu wa shamba aingiaye mjini asijue hila za mji. Mtazamaji acheke, kisha aogope.

Yafaa kisa hicho kipimwe kutoka mahali kama Kilosa. Mji huo umo katika njia ya reli ya kati. Jirani yake ni Kimamba, penye mashamba ya mkonge yaliyovuta vibarua wa makabila mengi. Na kusini yake ni Mikumi, ipitapo barabara ya Iringa. Mtu wa huko, kama angaliketi mbele ya sinema hiyo, angalicheka kama wengine. Lakini asingalijiona mtoto. Kodi ilikwisha kumfundisha maana ya fedha, na mkonge maana ya mshahara. Hapa ndipo penye upungufu wa kisa: chacheka ujinga wa mtu wa shamba, wala hakiulizi ni nini kilichomtoa shambani. Kosa lote latwikwa mgeni na wadanganyifu wa mjini. Mtawala hana sehemu katika mchezo.

Jibu lilitokea nje ya sinema, nalo lilitolewa na mchezaji yule yule. Mwaka 1955 Kawawa akawa Katibu Mkuu wa Shirikisho la Wafanyakazi la Tanganyika. Sinema ilimwonya mtu wa shamba juu ya mji. Katibu alimwita ajiunge na wenziwe katika chama. Wahenga walisema: mjinga akierevuka, mwerevu yu mashakani.

Basi wawili hawa hawafanani kama idhaniwavyo. Zelensky aliigiza cheo alichokuja kukipata; Kawawa aliigiza unyonge ambao baadaye aliupiga vita. Mhakiki aweza kupinga kwamba mchezo ulikuwa kazi tu ya mtumishi wa serikali, usio na uhusiano na siasa yake. Huenda, lakini kumwigiza mnyonge kwahitaji kumtazama kwa makini, na kusema naye kwa Kiswahili chepesi kisichomwacha nyuma. Kipawa hicho si kidogo kwa mtu atakaye kuwaongoza wafanyakazi.

Kawawa, aliyeitwa Simba wa Vita, alifariki tarehe 31 Desemba 2009, baada ya kuwa Makamu wa Pili wa Rais na Waziri Mkuu kwa mara nyingine. Wanaosimulia maisha yake huzigusa sinema zake kwa sentensi moja, kama jambo la kuchekesha. Hilo ni kosa la elimu. Sinema hizo ni miongoni mwa kazi za mwanzo za Kiswahili katika sanaa hiyo, nazo zastahili kuchunguzwa kama ichunguzwavyo tamthilia: nani asema, nani achekwa, na nani amefichwa. Mwanafunzi aanzaye na swali la tatu atafika mbali zaidi.