Mama Akumbukaye Kesho

Aliyewahi kukaa kitako akatunga shairi la mizani kumi na sita ajua kwamba mshororo hauanzii mwanzoni. Mtunzi hulishika kwanza neno litakalofunga kina, kisha hurudi nyuma kulitafutia njia ya kulifikia. Msikilizaji hudhani maneno yamekwenda mbele kama maji mferejini, kumbe la mwisho ndilo lililoyavuta yote. Nimelikumbuka jambo hili kwa sababu ya hadithi moja ya Kiingereza niliyohangaika nayo miezi mingi nikijaribu kuileta katika lugha yetu: “Story of Your Life” ya Ted Chiang, mtunzi wa Marekani, iliyotoka mwaka 1998 na kuingia katika mkusanyo wake wa 2002.

Kisa chenyewe si kirefu. Viumbe wa miguu saba wafika duniani, na Louise Banks, mtaalamu wa lugha, atakiwa ajifunze usemi wao. Maandishi yao hayafuati mstari. Alama moja kubwa hubeba sentensi nzima, na mkato wa kwanza hushiriki katika vishazi kadhaa kwa pamoja, hata mwandishi hana budi kuijua sentensi yote kabla hajaanza. Kadiri Louise azamavyo katika maandishi hayo, akili yake yaanza kukumbuka yasiyotukia bado. Amkumbuka binti ambaye hajazaliwa. Akumbuka pia kwamba binti huyo atakufa akiwa na miaka 25, kwa kuanguka mwambani. Hadithi nzima ni maneno ya mama kwa binti huyo, na huanza na kuishia usiku ule mmoja ambao mume yu karibu kumwuliza kama ataka wapate mtoto.

Huenda wewe msomaji waijua kwa filamu tu, yaani Arrival ya Denis Villeneuve, ya mwaka 2016. Ni filamu ya kupendeza machoni, lakini nina ugomvi nayo. Humo Louise azuia vita kwa kumpigia simu jenerali wa China. Namba ya simu na maneno ya kumlainisha ameyatoa katika kumbukumbu ya karamu itakayofanyika miezi mingi baadaye, ambamo jenerali mwenyewe ampa vyote viwili. Basi nani aliyeyajua kwanza? Ni elimu isiyo na mzazi. Fumbo hilo ningelisamehe. Nisilolisamehe ni kwamba kumbukumbu ya kesho imefanywa silaha, kitu cha kumsaidia shujaa afaulu. Kifo cha binti nacho kimebadilishwa kikawa cha maradhi yasiyo dawa, ambayo hakuna mama awezaye kuyazuia. Kwa Chiang ni ajali, na ajali huzuiwa kwa neno moja: usiende. Louise halisemi. Hapo ndipo kisa kinapouma, na watengeneza filamu wameukwepa uchungu huo.

Mbona halisemi? Chiang ajibu kwa mfano wa harusi, ambao kwa msomaji wa huku nitauhamishia katika nikahi. Katika majlisi ile hakuna asiyejua yatakayosemwa. Walii ayajua, bwana arusi amekwisha kufundishwa, watoto mlangoni wayajua. Hata hivyo, pasipo ijabu na kabuli kutamkwa, ndoa haijafungwa. Kuyajua maneno hakutoshi, kwani ni kuyasema ndiko kunakotenda. Louise aishi hivyo, akiyatamka maisha aliyokwisha kuyasikia. Kuna na pale mtoto anapodai asomewe kisa cha usiku neno kwa neno kama akijuavyo, na mama amwuliza, kama wakijua, wataka nikusomee cha nini? Mtoto ajibu kwa kuwa ataka kukisikia. Wapenzi wa tenzi hawahitaji kufafanuliwa jibu hilo.

Kasoro haikosekani. Baba wa mtoto ni kivuli kitupu, na utulivu wa Louise mara nyingine wakaribia ubaridi. Namlinganisha na Mwana Kupona binti Msham, ambaye mwaka 1858 alimtungia bintiye utendi naye mauti yake yamemkaribia. Huko mama ndiye aondokaye, na wasia wamwelekea mwana atakayebaki. Kwa Chiang wasia ule ule umegeuzwa: mama atabaki, na kila neno la mapenzi lamwendea atakayetangulia. Mwana Kupona aweza kuamrisha, kwa kuwa haijui kesho ya mwanawe. Louise hana amri hata moja ya kutoa.

Sasa nije kwenye tarjuma. Kiingereza cha Chiang huunganisha kukumbuka na wakati ujao, na kwa Kiingereza ni ugeni wa sarufi tu. Kwetu kuna zaidi. Kiambishi chetu -ta- kimetokana na kitenzi taka, na kila tusemapo kwa kirejeshi asili yake hufichuka: siku utakayozaliwa, siku utakayokufa. John Mbiti, katika kitabu chake cha 1969, aliyaazima maneno yetu sasa na zamani akadai kwamba fikra za Kiafrika hazina wakati ujao wa maana. Ushahidi wake ulitoka zaidi katika Kikamba na Kikikuyu. Angalikisikiliza kirejeshi chetu angalikuta kesho iliyojaa utashi.

Lakini utashi huo ndio ulionizuia kalamu. Nilipoandika “nakumbuka siku utakayokufa”, niliona kwamba nimemweka mama kinywani neno taka, penye kifo cha mwanawe. Nikajaribu kulikwepa kwa “siku ya kifo chako”. Sentensi ikawa salama, na ikafa. Rafiki mmoja niliyemsomea alisema hakuna asikiaye taka humo, mimi ndiye niliyelichimbua. Huenda ni kweli. Nimelirudisha.

Limebaki jibu la mwisho, mume anapouliza. Niliandika “Naam”, nikafuta, kwani naam aweza kuitika hata aliyelazimishwa. Katika rasimu niliyo nayo sasa ajibu, “Nataka.”