Utamu wa Moto Uliobaki

Kuna mafundi tunaowatambua kwa vifaa vyao. Seremala ana randa, mwashi ana pimamaji, na cherehani ya fundi nguo husikika tangu barabarani. Anayechoma ndizi mbivu kwenye mkaa wa jioni hana kitu. Hatumii sufuria, mwiko wala mafuta, na ganda la tunda lenyewe ndilo chombo chake cha kupikia. Huenda ndiyo sababu hakuna anayemwita fundi. Mimi namwita fundi, na ushahidi wangu ni kitindamlo kinachotengenezwa majumbani Bariadi, mkoani Simiyu, bila hata kijiko cha sukari, kwa moto ambao ulikwishamaliza kazi yake.

Simiyu si nchi ya matunda. Mkoa huu, ulioanzishwa mwaka 2012 kwa kumegwa sehemu kubwa kutoka Shinyanga, unajulikana kwa pamba, ng'ombe, mtama, mahindi na viazi vitamu. Mvua yake haitabiriki, na wenyeji walijifunza zamani kutunza kilichopatikana. Kiazi kitamu kikikatwa kibichi na kuanikwa ni michembe. Kikichemshwa kwanza ndipo kianikwe, ni matobolwa. Matunda ya hapa hapa ni ya miti inayovumilia kiangazi, yaani ukwaju na ubuyu. Embe lina msimu wake, likija huja kwa fujo na likiondoka huondoka moja kwa moja. Ndizi ni mgeni. Nyingi zinazopangwa chini sokoni Bariadi zimetoka Kagera au Tarime, zikakata kona Lamadi, zikapanda hadi hapa. Chakula kilichosafiri hivyo hakifai kuliwa kwa mazoea. Kinastahili mtu wa kukifikiria.

Kufikiria huko huanzia kwenye kuchagua. Ndizi sukari, zile fupi za kumenya na kula, hazifai; moto ukizigusa hulegea, zikawa uji ndani ya ganda. Inayotakiwa ni mzuzu, au mkono wa tembo ukipatikana: ndefu, nene, yenye nyama ngumu. Tena isiwe ya manjano safi inayovutia macho. Anayejua husogea hadi kwenye lile fungu la pembeni ambalo wateja wengine wanaliruka, lenye madoa meusi na ganda lililoanza kunywea. Muuzaji mzoefu humjua mteja wa namna hiyo mapema.

"Mayu, hizi zinafaa kuchoma leo?"

"Hizo subiri kesho kutwa, mwanangu. Za leo ni hizi zilizochafuka. Nikupunguzie?"

Na hupunguza kweli, kwa kuwa kesho zingekuwa hasara yake. Hapo kuna jambo la kusifu kabla hata jiko halijawashwa: ufundi huu unaanza pale biashara inapokata tamaa.

Kisha kuna moto, na hapa ndipo kazi ilipo. Moto wa ugali ni mkali na una haraka. Ndizi ikiwekwa juu yake huungua nje na kubaki ngumu katikati. Mchomaji husubiri ugali uepuliwe na kugeuzwa kwenye sahani. Mkaa hapo umekwisha kuvaa majivu meupe, na wekundu wake hauonekani mpaka uupulize. Kipimo ni kiganja. Kiweke juu ya jiko kwa kimo cha shubiri moja. Ukilazimika kukiondoa baada ya kuhesabu mbili, moto bado una hasira. Ukifika tano au sita bila kuhangaika, laza ndizi zako. Watu wanakula ugali na mlenda au dagaa, jiko linafanya kazi peke yake pembeni, na mikono inaponawishwa mara ya pili ndizi ziko tayari. Hakuna mkaa ulioongezwa. Hakuna dakika iliyokopwa kutoka kwenye shughuli nyingine.

Kila kuni ina tabia yake, na mkazi wa Simiyu anazijua. Mkaa wa mgunga ni mzito, hukaa na joto muda mrefu. Mabua ya pamba, ambayo kaya nyingi huyategemea baada ya mavuno, huwaka kwa kishindo na kuacha makaa mepesi yanayokufa haraka; ukitaka kuyachomea ndizi, uyafunike kwa majivu mara moja kabla joto halijatoroka. Samadi kavu ya ng'ombe huenda taratibu bila miali. Huo ndio moto wa shikome, moto wa nje wa kaya ya Kisukuma, ambako wazee na vijana walikaa jioni, mafunzo na masimulizi yakipita kutoka mdomo hadi sikio. Pembeni mwa moto wa namna hiyo, watoto wa vizazi vingi walifukia viazi kwenye majivu na kujifunza bila mwalimu kwamba joto la kuivisha na joto la kuunguza ni vitu viwili.

Tuitazame ndizi yenyewe. Imelazwa nzima na ganda lake, ncha ya kisu ikiwa imepita juujuu upande wa mgongo ili mvuke upate njia. Kwa dakika za mwanzo hakuna kitu, na wasio na subira huanza kuchokoza mkaa. Ganda linatoka manjano linakuwa kahawia, kisha jeusi linalong'aa, kisha jeusi lililofifia. Kufifia huko ndiyo ishara ya kugeuza. Baada ya kugeuza, mpasuo wa kisu hufunguka taratibu na utomvu huanza kuchungulia. Mwanzo ni mwepesi na hauna rangi. Halafu unakuwa mzito, unatoa vipovu vidogo kwenye kingo za mpasuo, unageuka kahawia, na tone moja likidondoka jivuni husikika likichacharika. Harufu nayo hubadilika: mwanzo ni ya mvuke na majani mabichi, mwisho ni ya sukari iliyokaribia kuungua. Hapo bonyeza katikati kwa kidole. Ikiwa laini sawa na nchani, iondoe.

Kinachotokea mle ndani kina maelezo yake, na maelezo hayo yanazidi kumpa heshima mchomaji. Ndizi mbichi ni ghala la wanga. Inapoiva, wanga huvunjwavunjwa kuwa sukari, ila jamii ya mzuzu hubakiza sehemu ya wanga wake hata ganda linapokuwa na madoa. Ndiyo maana huvumilia joto bila kumwagika. Sukari ya matunda huanza kugeuka kahawia na kutoa ladha mpya kwenye joto la nyuzi 110 hivi. Sukari ya kawaida hungoja hadi karibu 160. Lakini nyama iliyojaa maji, ikiwa imefungwa gandani, haiwezi kupita sana nyuzi 100, kwani maji yakifika hapo hugeuka mvuke. Kwa hiyo ganda linaivisha na kulainisha, na ule mpasuo ndio unaoleta ile ladha ya kuungua kidogo. Ukimenya ganda lote, ndizi inakauka. Usipopasua kabisa, unapata ndizi ya kuchemsha iliyopakwa masizi. Mstari mmoja wa kisu, usiozidi nusu ya urefu wa ndizi, ndio unaozikutanisha njia mbili za mapishi katika tunda moja. Aliyegundua hilo hakuwa na kipimajoto.

Watanzania tulikumbushwa thamani ya jambo hili mwanzoni mwa 2024, sukari ilipoadimika madukani na bei yake kupaa baada ya mvua nyingi kuvuruga uzalishaji viwandani. Majumbani watu walihesabu vijiko vya chai. Ndizi ya kuchoma haikuyumba. Sukari yake ilikuwa imo ndani tangu sokoni, ikingoja mtu wa kuitoa.

Utamu mtupu, hata hivyo, huchosha ulimi, na hapa Simiyu inaingiza cha kwake. Ukwaju hulowekwa kwenye maji ya vuguvugu, hupondwapondwa kwa vidole mpaka nyama iachane na kokwa na nyuzi, huchujwa, kisha rojo huwekwa jikoni na asali kidogo mpaka ianze kung'ang'ania kijiko. Msukuma hahitaji kushawishiwa kuhusu ukwaju. Amekua na uji wake, na matobolwa yaliyochanganywa nao. Karanga hukaangwa kavu, husuguliwa viganjani maganda yatoke, hupepetwa kwenye ungo, kisha hutwangwa kwa mapigo machache tu. Zibaki vipande. Zikiwa unga zitanyonya utomvu na kugeuka tope. Ndizi inafunguliwa kwenye ule mpasuo, ukwaju unamiminwa ndani, karanga juu, na chumvi kidogo sana, chembe za kushika kwa ncha za vidole viwili. Atakaye huongeza maziwa mgando pembeni. Baridi ya mtindi na moto wa ndizi vikikutana kinywani, mazungumzo ya mezani husimama kidogo.

Ndizi mbivu ina mapishi mengi ya kumalizia mlo katika nchi zetu. Pwani na Unguja huipika kwa tui la nazi, sukari na iliki, hasa jioni za Ramadhani, na ni chakula cha kupendeza. Uganda, abiria wa barabara ya Kampala kwenda Jinja hununua gonja ya kuchoma dirishani basi linaposimama Namawojjolo. Kagera, Wahaya wana jamii maalumu ya ndizi za kuchoma, enkonjwa, zisizochanganywa na za kupika wala za pombe. Bariadi haina mnazi, na iliki hufika kwa bei. Kwa hiyo kitindamlo cha hapa hakiwezi kuwa nakala ya Pwani, na hakina sababu ya kuona haya. Kimetumia mti unaostahimili ukame, karanga za shamba la jirani na maziwa ya ng'ombe wa zizini, na kimemkirimu mgeni aliyetoka mbali kwa lori.

Ufundi huo huo huhamia kwenye matunda mengine kwa marekebisho madogo. Nanasi hukatwa pete nene na kulazwa kwenye wavu. Joto huua kile kimeng'enya kinachowasha ulimi na kuufanya mtindi uwe mchungu, hivyo nanasi la kuchoma hukaa na maziwa kwa amani ilhali bichi hugombana nayo. Papai nalo lina kimeng'enya cha aina hiyo. Likatwe nusu, mbegu zitolewe, lichomwe upande wa ganda pekee na kukamuliwa ndimu. Embe lichaguliwe ambalo halijaiva sana. Katika yote sheria ni ile ile: moto uliopungua na mkono unaojizuia.

Msomaji makini atauliza kuhusu mkaa, na ana haki, kwa sababu nchi hii ina historia ya kulipia miti yake. Wakati wa ukoloni vichaka vingi vya Usukuma vilifyekwa ili kumfukuza mbung'o. Kilimo na mifugo vikaendeleza ufyekaji, hadi mradi wa Hifadhi Ardhi Shinyanga, HASHI, ulipoanza mwaka 1986, maeneo ya Bariadi, Maswa na Meatu yakiwa bado ndani ya mkoa wa Shinyanga. Sehemu kubwa ya mafanikio yake ilitokana na kuifufua ngitili, desturi ya Wasukuma ya kufunga eneo la malisho ili majani na miti vijirudie vyenyewe. Leo kuna Mkakati wa Taifa wa Nishati Safi ya Kupikia, uliozinduliwa 2024, unaolenga asilimia 80 ya Watanzania watumie nishati safi ifikapo 2034. Sioni ugomvi kati ya mkakati huo na ndizi yangu. Mwenye jiko la gesi achukue kikaango kizito cha chuma, akipashe mpaka kitoe moshi mwembamba, apunguze moto hadi mwisho, alaze ndizi na ganda lake, afunike. Kiganja, pua na kidole vitafanya kazi ile ile. Aliyejifunza kwenye jivu hatapotea kwenye chuma.

Kinachoweza kuua ufundi huu ni haraka, na ile dhana kwamba chakula kizuri ni kile kilichoongezewa vitu. Methali inasema mvumilivu hula mbivu. Mchomaji ni mvumilivu mara mbili, kwani ndizi ikishaiva yeye anangoja tena. Anangoja madoa, anangoja majivu, anangoja utomvu ubadilike rangi, na muda wote huo kazi yake kubwa ni kutofanya chochote kabla ya wakati. Wanafunzi wa mapishi hufundishwa kuongeza kiungo. Yeye amejifunza kuacha kuongeza, na hilo ni gumu zaidi kufundishika.

Mgeni akiomba sukari asinyimwe, maana ukarimu wa Usukuma hauruhusu. Bakuli liletwe, liwekwe mbele yake, kijiko kikiwa ndani. Aombwe tu kuonja kipande kimoja kwanza. Wengi husahau walikuwa wameomba nini.