Nani Aliyeiwasha? Juu ya Nuru Ijilishayo Katika Nchi za Kubuni

Usiku usio na mbalamwezi, mtu asimamaye ufukoni Kemondo, kusini ya mji wa Bukoba, huweza kuona mbali ziwani safu ya taa zilizotanda kama mji usio na ardhi. Mgeni aweza kudhani kwamba maji yenyewe yanawaka. Mwenyeji hadhani hivyo. Ajua kwamba kila taa ina wavuvi wa dagaa. Kwamba karabai ilitaka mafuta na mkono wa kuipiga pampu, na taa ya betri ya siku hizi yataka kuchajiwa kabla ya jua kuchwa. Macho ya mwenyeji huyo ndiyo nitakayo kuyatumia hapa katika kupima jambo moja la fasihi, nalo ni nuru ijilishayo: mwanga wa nchi za kubuni, uwakao daima pasipo mafuta, kuni wala mtu.

Lugha yetu imekwisha kutuonya juu yake. Twasema taa "yawaka", na kitenzi hicho hakidai mtendaji. Bali tusemapo taa "imewashwa", papo hapo yuko aliyeiwasha, hata asipotajwa. Tena mwanga katika ngeli moja ni nuru, na katika ngeli nyingine ni mchawi, afanyaye kazi yake usiku asionekane. Sidai kwamba maneno hayo mawili yana asili moja. Lakini sikio huyapokea kwa sauti moja, na nuru isiyo na mwenyewe yaweza kumtia msikilizaji shaka kabla ya kumfurahisha. Mtungaji aandikaye "iliwaka" na kupita, ameacha swali nyuma yake.

Kemondo pana moto uliokaribia kujilisha kwa kweli. Katika miaka ya 1970 wachimbuzi wa mambo ya kale, wakiongozwa na Peter Schmidt, walifukua huko matanuru ya kuyeyushia chuma ya karne za kwanza baada ya Kristo. Mwaka 1976 wazee wa Kihaya waliokumbuka kazi hiyo waliifanya upya mbele ya wataalamu. Schmidt na Donald Avery walieleza mwaka 1978 kwamba mirija ya udongo iliingizwa ndani ya tanuru, hata upepo wa mivukuto ukapata joto kabla ya kuyafikia makaa. Maelezo hayo yamepingwa na wataalamu wengine. Lakini tukiyakubali, huo ni moto uupashao joto upepo unaoulisha. Hata hivyo, wavukutaji wakichoka, tanuru hupoa.

Na tuitazame sasa nchi ya kubuni iliyo mashuhuri kupita zote katika Kiswahili, *Kusadikika* ya Shaaban Robert, iliyochapishwa mwaka 1951. Ni nchi ielekeayo angani, nasi hatuelezwi sana jinsi inavyosimama huko. Upungufu huo hauniudhi, kwa kuwa nuru aishughulikiayo mwandishi ni ya akili na haki. Karama, aliyeshtakiwa kwa kutaka kuwafundisha watu sheria, hujitetea kwa kusimulia safari za wajumbe sita waliotumwa pande zote, na kwenda mbinguni na ardhini, wakarudi na maarifa, wakalipwa kifungo. Hapa Shaaban Robert ana macho ya mwenyeji wa Kemondo. Kila mwali una gharama, na anayeilipa ana jina.

Lakini mwishoni mkono huo walegea. Wale waliokataa nuru mara sita waikubali katika baraza moja. Vifungo vyafunguliwa, na haki yawaka kana kwamba ilikuwa ikingoja kutajwa tu. Yaweza kusemwa kwamba utetezi wa Karama ndio uliokuwa kuni. Hoja hiyo ina nguvu, wala siipuuzi. Maneno ni kazi, na Karama aliyahatarishia maisha yake. Ila maneno yamshawishi msomaji, ambaye hana cha kupoteza. Wenye kupoteza ni watawala, nasi hatuonyeshwi walichopoteza walipokubali. Sehemu kubwa ya kitabu "imewashwa". Mwisho wake "wawaka".

Sisemi haya ili kumnyima mtungaji uhuru wa kubuni. Aweza kuiweka nchi yake hewani au chini ya maji, na kuipa jua lisilotua. Lakini kwa kuwa Kiswahili chatofautisha kuwaka na kuwasha, msomaji wake ana haki ya kuuliza nani aliyewasha, na kwa mafuta ya nani. Mhakiki naye asichoke kuuliza hivyo. Nuru isiyolishwa na mtu haidaiwi na mtu. Na siku izimikapo, hakuna atakayejua ni nani wa kuamshwa.