Nani Ameuza Shamba? Kesi ya Artigat Ikisomwa Kitshanga

Kitabu cha Natalie Zemon Davis, The Return of Martin Guerre, kilichotoka kwa Kiingereza mwaka 1983, kimesomwa zaidi kama hadithi ya mapenzi na udanganyifu kuliko kama kitabu cha sheria. Kisa chenyewe chajulikana. Mwaka 1548 kijana wa kijiji cha Artigat, kusini mwa Ufaransa, alituhumiwa kumwibia baba yake nafaka, akatoroka, akamwacha mkewe Bertrande de Rols na mtoto. Mwaka 1556 alikuja mtu akidai kwamba ndiye Martin. Alipokewa, akalala katika nyumba ya Bertrande, akazaa naye. Miaka minne baadaye Bunge la Toulouse (ambalo zama hizo lilikuwa mahakama ya rufani, wala si chombo cha kutunga sheria) lilikuwa karibu kumwachia huru, ndipo Martin wa kweli alipoingia mahakamani na mguu wa mti. Arnaud du Tilh, yule mdanganyifu, alinyongwa Septemba 1560 mbele ya nyumba ya akina Guerre.

Ubishi mkubwa uliozuka juu ya kitabu hicho ni ule wa Robert Finlay wa mwaka 1988. Finlay alimshutumu Davis kwa kumpa Bertrande fikra ambazo hazimo katika hati: eti alijua tangu mwanzo kwamba mume huyu si mumewe, na akashiriki mchezo kwa hiari. Davis alijibu, na mapema katika kitabu chenyewe alikuwa amekiri kwamba sehemu ya kazi ile ni ubunifu wake uliofungwa na sauti za zamani. Ubishi huo una thamani, lakini umepita kando ya swali ambalo msomaji wa Masisi angeliuliza kabla ya mengine yote. Je, Bertrande alisema kwa lugha gani, na maneno yake yaliandikwa kwa lugha gani?

Davis hakulisahau jambo la lugha. Anaeleza kwamba akina Guerre walikuwa Wabaski waliohama kutoka Hendaye mwaka 1527, wakalazimika kujifunza lugha na desturi za wenyeji wa Artigat. Hata hivyo lugha katika kitabu chake ni sehemu ya mandhari, kama vile vigae vya paa na mashamba ya mtama. Haikupewa nafasi ya kuwa mhusika wa kesi. Na kumbe ilikuwa mhusika. Wanakijiji walisema Kioksitani. Jean de Coras, hakimu aliyeandika habari za kesi hiyo na kuzichapisha mwaka 1561, aliziandika kwa Kifaransa na kuzijaza maelezo ya kisomi yenye Kilatini tele. Amri ya Villers-Cotterêts ya mwaka 1539 ilikuwa imetaka hati za mahakama ziandikwe kwa lugha ya mama ya Kifaransa, na wataalamu hawajaacha kubishana juu ya maana ya maneno hayo. Kwa mkulima wa Artigat, hata hivyo, amri hiyo iliondoa lugha moja ngeni na kuweka nyingine. Kila neno la Bertrande lilivuka mpaka kabla ya kufika kwenye karatasi, na mwenye kulivusha hakuwa yeye.

Jambo la pili ambalo kitabu kinalionyesha vizuri, ijapokuwa wahakiki wengi wamelipita haraka, ni chanzo cha kesi. Kwa miaka karibu mitatu hakuna aliyemshtaki Martin mpya. Alishtakiwa baada ya kuuza sehemu za ardhi ya ukoo na kumdai baba yake mdogo, Pierre Guerre, hesabu za mali aliyoisimamia wakati wa kutokuwapo kwake. Ugomvi wa ardhi na hesabu ulivishwa nguo ya jinai kwa sababu jinai ina minyororo na kitanzi, ilhali madai hayana.

Hapa ndipo kisa cha karne ya 16 kinapofika Kitshanga bila kusukumwa. Mji huo umo katika usultani wa Bashali, wilaya ya Masisi, penye mpaka na Rutshuru, juu ya vilima ambavyo rutuba yake imekuwa baraka na msiba. Kati ya 1937 na 1955 utawala wa Kibelgiji ulileta Masisi familia nyingi kutoka Rwanda kwa mpango maalumu wa uhamiaji. Ukawapa usultani wao wa Gishari katika ardhi ya Wahunde, kisha ukaufuta mwaka 1957. Mwaka 1973 yalifuatana mambo mawili. Sheria ya ardhi ya tarehe 20 Julai ilitangaza kwamba ardhi yote ni mali ya dola peke yake. Mwezi Novemba, mashamba makubwa ya Wazungu yakagawiwa wananchi wenye uhusiano mwema na watawala. Sheria ile ile iliahidi kwamba haki za watu wanaoishi juu ya ardhi ya kimila zingeelezwa na amri ya rais. Amri hiyo haikutoka kwa miongo iliyofuata. Mkulima aliyepewa shamba na chifu kwa kutoa hongo la kimila alibaki na haki iliyokubaliwa na majirani wote, isiyojulikana na rejesta hata moja. Vita vilivyoanza Machi 1993 katika soko la Ntoto, Walikale, na kuenea Masisi nzima, haviwezi kuelezwa kwa ardhi pekee. Lakini haviwezi kuelezwa bila ardhi.

Katika mazingira hayo, mtu mwenye ugomvi wa mpaka ana milango mingi ya kubisha: chifu wa kijiji, chifu wa kundi, mwami, mahakama ya amani, polisi, na nyakati nyingi mkubwa wa kikosi chenye silaha kilichoko karibu. Mahakama za kimila, zilizopangwa na Wabelgiji kwa dekreti ya mwaka 1926, zilikusudiwa na sheria ya 1982 kuachia nafasi mahakama za amani kadiri hizi zitakavyofunguliwa. Zilifunguliwa polepole, na vijijini zilichelewa zaidi. Mlango wa polisi ndio ulio mwepesi. Mwenye kudai mpaka huwa na kesi ndefu; mwenye kudai kwamba jirani ameharibu mimea yake, au ameingia shambani kwa nguvu, huwa na kesi ya siku moja, kwa kuwa jirani huingizwa kashoti. Sheria ya mwenendo wa jinai ya mwaka 1959 inamruhusu afisa wa upelelezi, kwa makosa fulani, kupendekeza faini ambayo ikilipwa kesi huisha. Mtu aliyelipa amandi ili alale nyumbani ameacha nyuma yake karatasi. Miaka kumi baadaye karatasi hiyo husomwa kama kukiri kwamba shamba halikuwa lake. Pierre Guerre angelifahamu njia hiyo mara moja.

Karatasi hiyo, ambayo watu huiita peve, huandikwa kwa Kifaransa. Mahojiano yamefanyika kwa Kiswahili, au kwa Kihunde na Kinyarwanda kupitia kwa Kiswahili. Afisa husikiliza, hutafsiri kichwani, huandika, kisha humsomea mhojiwa kwa kumfasiria tena, naye hutia kidole. Ibara ya 18 ya Katiba ya tarehe 18 Februari 2006 inataka aliyekamatwa aelezwe sababu za kukamatwa kwake kwa lugha anayoielewa. Ni ibara njema. Inalinda sikio la mshtakiwa. Haisemi lolote juu ya lugha ambamo jibu lake litahifadhiwa.

Tazama yanayopotea njiani. Mtu wa Kitshanga akisema, «Nilimukosea», anazungumzia uhusiano ulioharibika, pengine kwa neno tu au kwa kupita bila salamu, na anaonyesha utayari wa kuutengeneza. Katika peve neno hilo hugeuka kuwa kukiri kosa la jinai. Aliyenyenyekea kwa adabu amejitia hatiani kwa sarufi. Tena kuna kitenzi kuchongea. Katika Kiswahili sanifu ni kumsema mtu vibaya kwa mkubwa ili adhurike. Katika mazungumzo ya Goma na Masisi hutumika pia kwa kupeleka shtaka la kawaida. Lugha imeunganisha vitendo viwili ambavyo sheria inavitenganisha, na asiyewahi kuona polisi akifanya kazi katika vilima hivyo asiharakishe kuiita lugha hiyo maskini.

Wapo wanaoona kwamba dawa ni kurudi barazani. Neno lenyewe lina safari ndefu: pwani ni kibao cha mawe mbele ya nyumba na ni mkutano, katika Kifaransa cha Kongo, barza ni ukumbi wa mbele wa nyumba. Mwaka 1998 wazee wa makabila ya Kivu ya Kaskazini waliunda mjini Goma baraza lililoitwa Barza Inter-Communautaire, na mwanazuoni Phil Clark alilichunguza katika makala ya mwaka 2008. Kwa miaka kadhaa lilituliza magomvi mengi kwa sababu waliokaa humo walisikika na watu wao. Fadhila ya baraza ni kwamba kesi huanza na kuisha katika lugha moja. Kasoro yake ni ile ile: hukumu isiyoandikwa huishi maadamu waliotoa hukumu wangali hai na wangali wanaheshimiwa. Masisi ya tangu 1993 imekuwa na ukatili mno kwa wazee wa aina hiyo. Tena si kila baraza huwa na nafasi ya wanawake kusema, na Bertrande wa Masisi, ambaye mumewe amepotea vitani na shemeji wanalitaka shamba, hana hakika kwamba kimila kitamtazama kwa jicho jema kuliko peve.

Liko pia suala la lugha kuwa shahidi. Katika kesi ya Artigat watu wapatao 150 waliitwa kutoa ushahidi mbele ya hakimu wa Rieux, wengi wao wakashindwa kuamua. Moja ya hoja zilizomlemea mshtakiwa ni kwamba hakujua Kibaski, lugha ya wazazi wa Martin. Utetezi ulikuwa na jibu la busara: mtoto aliyeondoka Hendaye mdogo sana angeweza kuisahau. Hoja ya namna hiyo, ikiwekwa Masisi, huacha kuwa ya kuchekesha. Sheria ya uraia ya tarehe 29 Juni 1981 ilimtaka mtu athibitishe kwamba wahenga wake walikuwa ndani ya mipaka ya nchi tangu tarehe 1 Agosti 1885. Ni nani katika kijiji chochote cha Afrika ya Kati mwenye hati ya mwaka huo? Palipokosekana hati, kulibaki jina, uso na lafudhi. Zoezi la kutambua raia la mwaka 1991 lilizidisha hofu hiyo badala ya kuiondoa. Sheria ya mwaka 2004 ilibadili kipimo kuwa uhuru wa mwaka 1960, lakini sikio la watu halibadilishwi na gazeti rasmi. Mtu anayedai shamba Kitshanga husikilizwa mara mbili: anachosema, na jinsi anavyotamka. Davis, aliyeona kwa makini namna kijiji kinavyojifunza kuuamini uso, angelifaidika kulifuata jambo hili la sikio.

Yabaki pendekezo linalotolewa mara nyingi katika kongamano za Kiswahili, yaani sheria na hati ziandikwe kwa Kiswahili. Ibara ya 142 ya Katiba tayari inaitaka serikali isambaze sheria kwa Kifaransa na kwa kila moja ya lugha nne za taifa katika siku 60. Tanzania, ambako mahakama za mwanzo zimetumia Kiswahili kwa muda mrefu, ilipitisha mwaka 2021 sheria ya kukifanya kuwa lugha ya mahakama zote. Mfano huo huvutia. Walakini istilahi za Dar es Salaam haziwezi kupakiwa kwenye lori na kushushwa Masisi kama magunia ya unga. Mkulima wa Kitshanga husema udongo mahali ambapo sheria sanifu husema ardhi; akiambiwa kwamba «udongo ni mali ya Serikali», husikia kwamba hata kiazi alichokipanda si chake.

Mfano mbaya zaidi ni wa kitenzi ambacho hati ya shamba haiwezi kukikwepa. Katika Kiswahili cha mashariki mwa Kongo, kuuza mara nyingi ni kununua, na mwenye kutoa mali yake kwa fedha ameuzisha. Hati ikiandikwa kwa Kiswahili safi cha kitabu kwamba fulani «ameuza shamba», hakimu aliyesoma sarufi ataelewa kwamba fulani hana tena shamba. Fulani mwenyewe, akisomewa, atatikisa kichwa kwa furaha na kutia kidole, kwa kuwa amesikia kwamba ndiye mwenye shamba. Hakuna kosa la tafsiri hapo ambalo mkaguzi wa lugha angeliliona. Mji huo ulichomwa sehemu kubwa katika mapigano ya mwanzoni mwa 2013, ukatekwa na M23 Januari 2023, ukapotea na kutwaliwa tena Oktoba ya mwaka huo huo, na wakimbizi wa ndani wamerudi na kukimbia mara zisizohesabika. Wanaporudi, kile walichokificha ndani ya nguo ni karatasi za namna hiyo, zenye kidole cha wino chini ya neno lenye maana mbili.