Dieudo Hamadi na diplome yetu sisi wote

Bandugu wa chama, wiki hii ukurasa wetu umejaa picha za wadogo waliomwagiwa poda juu ya matokeo ya Exetat. Hongera kwao. Na mimi walinimwagia, mpaka macho yakawasha. Ndiyo maana nataka tuongee juu ya Dieudo Hamadi, sababu yeye njo alitoboa siri yetu.

Hamadi ni mtoto wa Kisangani, alizaliwa 1984. Alianza masomo ya udaktari, akayaacha, akaingia sinema. Mwaka 2010, pamoja na Divita Wa Lusala, alitoa Dames en attente: akina mama wa Kinshasa wamezaa, lakini hawatoki hospitali mpaka walipe. Filme fupi, pesa kidogo. Namna yake yote iko mule tayari: hakuna sauti ya kueleza, hakuna mtaalamu kwenye kiti. Kamera anaishika mwenyewe na anakaa na watu mpaka wanasahau kama yuko pale.

Examen d'État (2014) njo inanigusa zaidi. Wanafunzi wa Kisangani wanafukuzwa darasani sababu hawajalipa prime ya walimu. Wanakusanyika kwenye nyumba moja, wanaiita maquis, wanalala na kusoma pale. Wanaombewa. Kisha wanatafuta pesa ili wapate majibu mbele ya siku ya mtihani. Hamadi hawahukumu, na hawatetei. Anatuachia sisi hesabu.

Hesabu yangu ni hii. Mwaka wangu, darasa letu lilichanga. Mimi nilitoa sehemu yangu, na majibu mengine yalinifikia kwenye karatasi ndogo. Mpaka leo sijui kama ningepita peke yangu. Wengi humu wanajua ninasema nini. Filme nyingine juu ya Congo inakuacha unamkasirikia mtu wa mbali, mzungu ao waziri. Hii inakurudisha kwenye kabati yako, pale ulipoweka ile karatasi.

Kuna wakubwa wanaosema Hamadi anauza mateso yetu Ulaya. Ni kweli pesa nyingi za kazi yake zimepitia kwa watayarishaji wa Ufaransa, na tuzo ni za kule. Lakini angalieni Maman Colonelle (2017), iliyopata tuzo kubwa ya Cinéma du Réel kule Paris. Kolonel Honorine Munyole, polisi mwanamke, anahamishwa kutoka Bukavu kwenda Kisangani. Anasaidia watoto wanaoitwa wachawi na wanawake waliobakwa wakati wa vita, na mkononi hana kitu. Anaenda sokoni kuomba watu wachange. Yule si mtu wa kuhurumiwa bwana, ni mtu wa kuogopwa na kupendwa. Mwenye kuuza mateso hawezi kumchora vile.

Kasoro iko. Kinshasa Makambo (2018) inafuata vijana watatu wapigania uchaguzi, na mimi naona inakimbia sana. Hakuna hata mmoja niliyemjua kama nilivyomjua yule mama. Pale fujo za barabarani zinamshinda, ile subira yake inapotea.

Subira ilirudi katika En route pour le milliard, iliyochaguliwa Cannes 2020. Majeruhi wa Vita ya Siku Sita, pale majeshi ya Rwanda na Uganda yalipopigana Kisangani mwezi wa sita 2000, wanashuka mto mpaka Kinshasa kudai fidia. Mvua inawanyeshea kwenye boti, magongo na miguu ya bandia vimelundikana chini ya mahema. Wanafika mbele ya Bunge, na mlango haufunguki. Mwaka 2022 mahakama ya La Haye iliamuru Uganda ilipe Congo dola milioni 325. Ukishaona ile boti, swali si kiasi gani. Swali ni: itafika kwa nani?

Aibu yetu ni kwamba filme hizi zimeonwa zaidi kule kuliko hapa kwetu. Basi pendekezo langu kwa mkutano mkuu: tutafute namna ya kupata Examen d'État kwa ruhusa, tukodi groupe, tutundike shuka nyeupe, tuite na wadogo wenye poda kichwani. Mjadala nitaufungua mimi, nikianza na ile karatasi yangu.