Aliyepokea Mzigo

Mtoto wetu hufundishwa mapema: mgeni akitokea njiani, mkimbilie, mpokee mzigo. Hakuna anayempigia makofi, lakini mgeni akishapumzisha mabega anajua kama nyumba hii inamtaka.

Sidede Onyulo, mwigizaji wa Kenya, aliifanya kazi hiyo mbele ya kamera. Katika Nirgendwo in Afrika, filamu ya Caroline Link ya mwaka 2001, yeye ni Owuor, mpishi wa shamba la Rongai, nchini Kenya. Kisa ni cha Walter, Jettel na binti yao Regina, Wayahudi walioikimbia Ujerumani ya Hitler mwaka 1938. Safari ni yao, machozi ni yao. Kazi ya Onyulo ni kuwapokea.

Mtazame anapomnyanyua Regina siku ya kwanza. Hana haraka. Ni kama alikuwa akimngojea mtoto huyu tangu zamani, na mtoto analiona hilo kabla hajajua neno moja la Kiswahili. Mtazame tena Walter, wakili asiye na mahakama, anapompa joho lake la uwakili. Ni rahisi mno kuligeuza joho hilo kuwa kichekesho. Onyulo analivaa kwa heshima ya mtu aliyekabidhiwa amana, akijua mwenziwe amevua nini.

Sinema imewapa Waafrika nafasi ya mpishi wa wazungu mara nyingi, nao wakaishia kupita na sinia. Onyulo anasimama. Jettel anapomdharau, hafoki wala hajikunji. Anamvumilia kama mwenye nyumba asiyetaka kumwaibisha mgeni. Hapo ndipo tunapomtambua mwenyeji ni nani. Familia inapohamia shamba jingine, anawafuata kwa miguu pamoja na mbwa wao, nasi tunaamini kila hatua.

Filamu hiyo ilitunukiwa Oscar mwaka 2003. Miaka miwili baadaye Onyulo alionekana tena, kwa muda mfupi, katika The Constant Gardener.

Mimi naishi Nathenje, kusini ya Lilongwe, lakini ndugu zangu wako Dzaleka, wilayani Dowa, kambi ya wakimbizi iliyofunguliwa mwaka 1994 palipokuwa gereza. Tangu Menes La Plume aanzishe huko Tamasha la Tumaini mwaka 2014, vijana wetu wana jukwaa, na kila mmoja anataka kuwa shujaa wa hadithi. Nawasihi wajifunze kwanza kwa Owuor: kumsikiliza mwenzako hadi maneno yake yapate uzito.

Nilipoingia Malawi, mama mmoja alilishika furushi langu akasema, "Takulandirani." Sikujua Kichewa. Jina lake sikulipata, na katika hadithi ya maisha yangu alipita kwa dakika chache tu. Baadaye ndipo nilipoelezwa alichosema: tumewapokea.