Sauti ya Kwanza ya Ozu

Wajapani walikuwa wakitazama sinema za sauti tangu 1931, lakini mwongozaji Yasujiro Ozu aliendelea na sinema bubu. Alikuwa akimsubiri mpigapicha wake, Hideo Shigehara, aliyekuwa akiunda mtambo wake mwenyewe wa kurekodi sauti. Mwaka 1936 wakatoa *Hitori musuko*, yaani Mwana wa Pekee. Kwa mkawio huo, Ozu aliipokea sauti akiwa amekwisha bobea katika kusimulia kwa picha tupu, na hapo ndipo ilipo nguvu ya filamu hii.

Kisa ni chepesi. Tsune, mjane anayefanya kazi katika kiwanda cha hariri huko Shinshu, anajinyima ili mwanawe Ryosuke asome. Miaka inapita, anamfuata Tokyo na kumkuta mwalimu wa shule ya usiku, ana mke na mtoto ambao mama hakuwahi kuambiwa habari zao, na fedha za kumkirimu mgeni ni za kukopa.

Tazama mama na mwana wanavyoketi uwanjani, karibu na mabomba ya moshi ya tanuri za kuchomea taka. Waongozaji wengi wangemweka mama upande huu na mwana upande ule, kamera iruke kutoka uso hadi uso. Ozu amewaketisha bega kwa bega, wote wakitazama mbele, na kamera iko chini kwenye kimo chao. Mwana anauliza kama mama amevunjika moyo. Miili inafanana, macho hayakutani: ukaribu na upweke vimeingia katika fremu moja.

Kisha usiku. Mama anamkemea mwanawe kwa kukata tamaa, na mke, aliyesikia yote, analia. Sinema ya machozi ingemsogelea. Ozu anawaacha watu na kutuonyesha pembe tupu ya chumba, kwa karibu dakika nzima, bila mtu kuingia. Picha inayofuata, kumekucha. Mtazamaji aliyenyimwa uso wa kuutazama hulazimika kuyabeba mwenyewe aliyoyasikia.

Tsune anapata faraja Ryosuke anapotoa fedha kumsaidia jirani ambaye mtoto wake amepigwa teke na farasi. Lakini akirudi kiwandani anamwambia mwenzake kwamba mwanawe amekuwa mtu mkubwa, kisha anatoka nje peke yake, na uso wake unasema jingine. Sinema bubu ingehitaji maandishi kutupa maneno yale. Hapa tunayasikia kwa sauti yake mwenyewe, kisha tunaona yalivyomgharimu.